Msomi wa Umma na Vumbi la Kasungami

Jumatatu, tarehe 4 Agosti 2025

Paulin yuko redioni tena! Nilikuwa nanyoa ndevu, sauti yake ikaingia kutoka kwa jirani, nikajikata kidevu. Mada: kazi ya msomi katika jamii. Msomi gani? Paulin Kapinga huyu huyu, tunayeshiriki naye ofisi moja pale chuoni! Meza yake iko dirishani. Yangu iko chini ya paa linalovuja. Yeye alimaliza udaktari wake zamani. Tasnifu yangu mimi bado iko jikoni, lakini mchuzi mzuri hauharakishwi.

Kilichoniuma zaidi: alisema kwa Kiswahili chepesi, kama mtu anayeuza nyanya. Na watu wakapiga simu! Mama mmoja wa mtaa wa Katuba akamwita mwanangu, hewani, akamwombea baraka. Mtu akieleweka na kila mtu, amesoma nini basi?

Nimeamua. Kuanzia leo mimi, Casimir Kunda, ni msomi wa umma. Kilichobaki ni vifaa.

Mchana nimekwenda soko la Kenya, mtaa wa hapa mjini, kununua miwani. Macho yangu ni mazima, lakini uso bila miwani ni duka bila kibao. Muuzaji akanivisha yenye fremu nyeusi, nene, akaapa kwamba nafanana na waziri. Tatizo moja dogo: vioo ni vya mzee asiyeona. Nikiivaa, ardhi inanipandia. Wakati wa kurudi nyumbani Kasungami nimemsalimia kwa heshima mtu mnene aliyesimama kimya kando ya njia. Hakujibu. Lilikuwa gunia la mkaa.

Jumanne, tarehe 5 Agosti

Msomi hawezi kufikiri peke yake kama mchawi. Anahitaji baraza. Nimeanzisha Baraza la Fikra la Kasungami. Rais: mimi. Katibu mkuu: shemeki Dédé, mdogo wa mke wangu, aliyekuja kututembelea wakati wa Pasaka akasahau kuondoka. Dédé alikataa ukatibu. Alitaka awe makamu wa rais anayehusika na mambo ya nje. Nimekubali. Nje anakaa sana.

Kikao cha kwanza sebuleni. Nimesoma hotuba ya ufunguzi: msomi kama taa, msomi kama kengele, msomi kama chumvi. Dédé akauliza, huyo msomi anakulaka wapi? Nikamwambia hilo si swali la kifalsafa. Akasema kwake yeye ndilo lenyewe. Halafu akalala. Mke wangu Madeleine akaingia na ungo wa maharage, akaliomba baraza lihame. Limehamia nyuma ya nyumba, kwa bata.

Dédé amechora kibao na kukitundika kwenye lango. BARAZA LA FIRKA. Nimekiacha hivyo hivyo. Watu watadhani ni Kigiriki.

Alhamisi, tarehe 7 Agosti

Kibao kimezaa! Asubuhi wamekuja kina mama, wakaujaza ua, bata wakakimbia. Kiongozi wao ni Mama Bijou, mlimaji wa lengalenga, mchicha wetu huu, kwenye bustani zile za kando ya barabara ya udongo. Wanasema wameona kibao, wakajua hapa kuna mtu amesoma. Wananiita Prof. Si cheo changu. Sikuwasahihisha, kumsahihisha mgeni ni utovu wa adabu.

Shida yao ni malori. Tangu mwanzo wa kiangazi malori ya madini ya kampuni moja yanapita pale, wazi, yamejaa hadi juu, na vumbi jekundu linatanda mpaka jioni. Mama Bijou alitoa fungu la lengalenga akalipiga kwenye goti. Nikapiga chafya. Alisema sokoni wateja wanashika jani, wanalisugua kwa kidole, wanalirudisha. Na mjukuu wake anakohoa. Na Tracy wangu, akasema, naye si anakohoa?

Ni kweli. Tracy, binti yetu, anakohoa tangu Julai. Nilikuwa namsikia kila siku na sikuwa nimemuunganisha na malori. Madeleine, aliyekuwa mlangoni, akaniangalia. Yeye alikuwa amemuunganisha zamani.

Jumamosi kuna mkutano na watu wa kampuni, katika ukumbi wa parokia. Wanataka mimi niwasemee. Mama Bijou alinishika mkono kwa mikono yake miwili:

"Prof, siye hatutaki mambo mingi. Useme tu bafunike malori, bamwange maji mu njia. Na kama habawezi, bapite kule ku lami. Njo ile tu."

Nikamuuliza kama waandishi wa habari watakuwepo. Akasema wa redio watakuja. Nikamwambia awe na amani, nimeubeba mzigo wao. Ila hiyo "njo ile tu" yake, yaani ndiyo hayo tu, ni nyembamba mno. Lazima iwekewe nadharia.

Ijumaa, tarehe 8 Agosti

Nimeandika mchana kutwa. Kifaransa juu, Kiswahili katikati, Kilatini pembeni kama pilipili.

Pia nimeshughulikia hatari iliyokuwepo. Paulin alikuwa amesikia habari za mkutano, akaniuliza ofisini ni saa ngapi. Nikamwambia umeahirishwa, mambo ya umeme. Akanishukuru kwa kumpunguzia safari. Nikarudi kwenye hotuba na moyo mweupe.

Baadaye nilimsomea Madeleine hotuba wakati anapiga pasi. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akauliza:

"Sasa mule ndani, vumbi iko wapi?"

Nikamweleza kwamba vumbi limo kwa maana ya ndani. Akasema lile la barabarani limo kwa maana ya ndani pia, ndani ya kifua cha mutoto. Akarudi kwenye shati. Wanawake hawajui mtindo.

Jumamosi, tarehe 9 Agosti

Ushindi! Ushindi mkubwa!

Ukumbi ulijaa. Kina mama mbele, na vitambaa vyao vya kichwa vya sikukuu. Kampuni ilimtuma Madame Gaëlle, afisa wake wa mawasiliano, mwanamke mwenye tabasamu lisilochoka. Nilivaa koti na miwani. Nilipanda jukwaani kwa shida kidogo, kwa sababu niliona ngazi nyingi kuliko zilizokuwepo.

Nikaanza. "Vumbi si vumbi! Vumbi ni swali ambalo ardhi inamwuliza mwanadamu wa kisasa!" Nikawapeleka kwa Wagiriki, nikawarudisha kupitia Wajerumani. Nikauliza, lori ni nini? Nikauliza, njia ni nini, na je, sisi ndio tunaoipita au yenyewe ndiyo inayotupita? Mama Bijou alikuwa ananionyesha kitu kwa mikono, kama mtu anayefunika sufuria. Sikumwelewa.

Nilipomaliza, wa kwanza kupiga makofi alikuwa Madame Gaëlle. Alisimama! Akasema kampuni haijawahi kukutana na fikra ya kina namna hii. Akasema, kama Prof mwenyewe amethibitisha kwamba vumbi ni swali, basi si haki kulijibu kwa haraka. Kampuni itaunda tume ya kulitafakari. Akaniomba niwe rais wa tume. Rais! Mara mbili katika wiki moja!

Tumepiga picha. Dédé alibeba mikate ya wageni ndani ya koti, mambo ya nje. Nilipogeuka kupokea pongezi za kina mama, viti vyao vilikuwa vitupu. Nadhani walikuwa na kazi shambani.

Jumapili, tarehe 10 Agosti

Hawakuwa na kazi shambani.

Kanisani, wakati wa kupeana amani, nilinyosha mkono kulia, kushoto, nyuma. Watu walikuwa wanapeana amani juu ya kichwa changu. Mama mmoja aliniangalia akasema, kwa upole kabisa, kwamba mkono wake una vumbi, asingependa kuniuliza swali.

Tuliporudi nyumbani tukakuta zawadi langoni: fungu kubwa la lengalenga, limefungwa vizuri, kutoka kwa Mama Bijou. Nilifurahi. Nikamwambia Madeleine, unaona, hasira za watu wadogo hazidumu. Akalipika. Wengine wakala bukari, ugali wetu, na dagaa wa kapenta. Lengalenga ikawekwa mbele yangu peke yangu.

Tonge la kwanza lilipiga kelele mdomoni. Mchanga! Meno yangu yalilia kama breki za lori. Nikauliza kama aliiosha. Madeleine akakunja mikono:

"Baba Tracy, kula swali yako."

Tracy alicheka mpaka akakohoa, akakohoa mpaka mama yake akainuka kumpigapiga mgongo. Kilikuwa kikohozi kirefu. Nikaacha kutafuna.

Jumanne, tarehe 12 Agosti

Lazima nijiuzulu urais wa tume. Lakini kujiuzulu kimya kimya ni kama kupika bila moshi, nani atajua? Nitajiuzulu redioni, moja kwa moja, kwa kishindo.

Nimefika redioni asubuhi. Mtangazaji, Chancelvie, akaniambia nafasi ina mgeni tayari. Mgeni yupi? Paulin! Alikuwa amekwenda jana bustanini, akakaa kwenye ndoo iliyogeuzwa, akasikiliza kina mama mchana mzima. Sasa alikuwa ndani ya studio anarudia maneno ya Mama Bijou kama alivyoyasema: wafunike malori, wamwage maji, au wapite kwenye lami. Hakuongeza hata nadharia moja! Nilimwonea huruma.

Alipotoka akanisalimia kwa furaha. Akasema alikuja kujua kwamba mkutano haukuahirishwa, na kwamba labda hata mimi nilikuwa nimedanganywa. Watu wema wanachosha!

Chancelvie akaenda kutafuta maji. Mlango ulikuwa wazi. Kiti kilikuwa kitupu. Kipaza sauti kilikuwa pale, kinaning'inia kama embe lililoiva. Nikaketi, nikajiuzulu. Nilisema kwa nguvu, nilipiga meza, mwishoni sauti ilinitetemeka na haikuwa ya kuigiza. Nilitoka nikijifuta jasho.

Nyumbani nikawauliza wamesikiaje. Madeleine akasema baada ya Paulin walipitisha tangazo la sabuni. Refu. Dédé akasema ni tangazo zuri, lina wimbo.

Jumatano, tarehe 13 Agosti

Habari mbaya. Dédé ameleta kutoka nje: kesho kina mama watakaa barabarani. Hakuna lori litakalopita. Na wanamtarajia kila mtu wa kartye, yaani mtaa wetu, hasa wale waliosoma.

Nimefikiri kwa utulivu. Msomi ana wajibu wa kuwa karibu na watu. Lakini pia ana wajibu wa kubaki hai ili awe karibu nao siku nyingine. Nina mjomba huko Kilwa, ile ya ziwani, si ya pwani. Hatujasalimiana miaka mingi. Barabara ya kule ni mbaya kiasi kwamba mtu akishakwenda, hakuna anayemlaumu kwa kuchelewa kurudi.

Nimepanga begi. Nimemwambia Madeleine ni utafiti. Akauliza utafiti wa nini. Nikasema wa samaki, kwa maana pana.

Ijumaa, tarehe 15 Agosti

Jana sikuandika. Jana nilikuwa mfungwa! Ngoja niweke kila kitu mahali pake.

Nilitoka mapema, begi mkononi, koti mwilini, miwani usoni ili nisitambulikane. Kosa. Kundi la kwanza la malori lilikuwa limepita, vumbi limesimama kama ukuta, na kwa ile miwani kila kitu kilikuwa kikubwa na hakuna kilichokuwa kitu. Nilijua stendi ya magari ya Kilwa iko mkono wa kuume. Nikashika mkono wa kuume. Nikatembea. Nikajikwaa kwenye beseni. Juu ya beseni alikuwa ameketi mtu.

Vumbi likatulia. Nilikuwa katikati ya barabara, katikati ya kina mama wote wa Kasungami, wameketi juu ya mabeseni na ndoo, na Mama Bijou ananitazama mimi na begi langu. Kisha akainua mikono juu:

"Bamama! Mumuone Prof! Amekuya na begi! Iko tayari kwa gereza!"

Mayowe! Vigelegele! Mama yule wa kanisani, mwenye mkono wa vumbi, alinikumbatia. Nilifungua mdomo kusema juu ya mjomba na ziwa. Mama Bijou akanikamata pindo la koti, akanivuta chini:

"Ikala apa, karibu na miye."

Nikaketi. Utafanyaje? Koti ni moja.

Lori la kwanza la kundi la pili likaja. Sijawahi kuliona lori nikiwa nimeketi chini. Ni jengo! Lilipiga honi, likasogea, likapiga honi tena. Joto la injini lilinifika usoni. Miguu yangu ilitaka kuondoka, nakiri, lakini Mama Bijou alikuwa bado ameshika koti, na mkono wake ulikuwa unalikaza zaidi kila honi ilipopigwa. Sikujua kwamba naye anaogopa. Sijui kwa nini, nikaushika.

Dereva, kijana anaitwa Nono, alichungulia dirishani kutukana. Tusi likamkwama. Mwisho wa mstari alikuwa ameketi shangazi yake, aliyemlea. Shangazi alimwangalia tu, akaweka vizuri kitenge chake. Nono akazima injini, akateremka, akachuchumaa kando ya shangazi na kuanza kumweleza mambo ya bosi wake. Nyuma yake malori yalipanga foleni mpaka usione mwisho. Na kimya kikaingia. Nilisikia ndege! Sikujua barabara ile ina ndege.

Karibu na adhuhuri polisi wakaja. Mkubwa wao akauliza kiongozi ni nani. Kina mama wote wakatazama mawingu. Tungepona pale! Lakini Dédé alikuwa amesimama kwenye umati na mkate mdomoni, akaona fahari ya familia, akanyosha kidole:

"Rais njo ule!"

Wakanichukua mimi na begi. Miwani ilianguka, ikakanyagwa na kiatu cha serikali. Ghafla nikaanza kuona vizuri. Sikufurahia nilichoona.

Kituoni nilieleza kwamba mimi nilikuwa nakwenda Kilwa. Mkubwa akaandika: alikusudia kupeleka fujo Kilwa pia. Nikasema mimi ni rais wa tume ya kampuni, wampigie Madame Gaëlle. Wakapiga, wakaweka sauti kubwa ili wote wasikie. Akasema kwa sauti yake ile ile nzuri kwamba hana habari ya tume yoyote, wala jina hilo halijui. Nikaketi chini. Niliwaza juu ya Tracy. Niliwaza kwamba kama ningekuwa nimesema yale maneno matatu ya Mama Bijou Jumamosi, huenda leo ningekuwa nyumbani nasubiri bukari. Wazo hilo lilikaa nami vibaya sana, sikulitafutia nadharia.

Mchana nje kukaanza kelele. Nusu ya kina mama walikuwa wamebaki barabarani, nusu wamehamia kituoni na mabeseni yao, wanaimba jina langu. Jina langu, Casimir, halifai kuimbwa, lakini waliliweza! Na kwenye redio ya polisi wa zamu, Paulin. Alikuwa anasema msomi si yule anayesimama juu akieleza vumbi, ni yule anayekaa ndani yake pamoja na watu. Na kwamba mwenzake wa ofisi amekaa. Polisi wa zamu aliniangalia, akaniletea kiti.

Kabla ya jua kuzama wakanifungua. Kampuni ilikuwa imetia saini, maana malori yaliyosimama yanauma zaidi kuliko hotuba: malori yatafunikwa, gari la maji litamwaga asubuhi na mchana, na siku za soko yatapita kwenye lami. Maneno yale yale ya Mama Bijou. Njo ile tu.

Walinibeba juu juu. Mama Bijou akawanyamazisha wote, akasema Prof aseme. Hapo, kwa mara ya kwanza maishani mwangu, nilitaka kusema kitu kifupi. Nilitaka kusema: bamama, mimi nilikuwa nakimbia. Nilivuta pumzi kabisa. Mtu mmoja akapiga makofi. Wengine wakapiga. Nikainamisha kichwa kwa unyenyekevu.

Madeleine alinipokea begi. Tulipokaribia nyumbani akauliza, polepole, kama Kilwa siku hizi iko huku. Nikamwambia uchovu umenizidi. Akacheka peke yake mpaka langoni. Halafu akanichemshia maji ya kuoga, kitu ambacho hakufanya tangu harusi.

Jumatano, tarehe 20 Agosti

Gari la maji linapita kweli. Tracy amelala bila kukohoa siku kadhaa sasa. Lengalenga ya Mama Bijou inaondoka sokoni kabla ya saa nne. Vizuri, vizuri. Lakini tuseme ukweli: mtaa uliotatuliwa shida zake ni jangwa kwa msomi.

Kina mama wameunda kamati ya kulinda makubaliano. Rais ni Mama Bijou. Paulin ni mshauri. Mimi wameniomba niwe mwanachama. Mwanachama! Mtu aliyefungwa! Mama Bijou akaeleza kwamba kazi ya mwanachama ni kukaa njiani asubuhi kuangalia kama malori yamefunikwa, na ikiwa lori halikufunikwa, kusema halikufunikwa. Nikamuuliza nitaruhusiwa kusema kwa urefu gani. Akasema kwa urefu huo huo. Nimewashukuru, nikakataa kwa heshima.

Paulin naye amenialika nizungumze na wanafunzi wake juu ya msomi na jamii. Sharti: dakika chache, Kiswahili chepesi, niwaeleze tu ilikuwaje barabarani. Nimempelekea maandishi ya awali, utangulizi peke yake, naye ameomba muda wa kuyasoma. Wivu, hakuna kingine.

Lakini leo Dédé ameleta habari njema kutoka nje. Anasema huko Pweto wauza samaki wakavu wanagombana juu ya nafasi za kuanikia ufukweni, kila mmoja ana maneno yake, mambo hayaendi. Nilisimama papo hapo. Ni wazi kinachokosekana! Wana ziwa, wana samaki, wana jua. Hawana mtu wa kuwaambia kwamba samaki mkavu si samaki.

Nimekwisha nunua miwani mingine, yenye vioo vizito zaidi. Naondoka Ijumaa. Madeleine amesema nilete samaki, na nisifungue mdomo. Nimemjibu kwamba ameomba mambo mawili yanayopingana.

Watu wa Pweto hawana habari kwamba nakuja. Huo ndio ujinga wao wa kwanza nitakaouondoa.